Mkwe Nyuma ya Pazia

Imeelekezwa kwamba kuanzia sasa kila mtoa huduma za afya, na kila mwalimu anayewafundisha watoa huduma hao, atatambua, ataheshimu na kuzingatia utamaduni wa mteja wakati wote. Waraka wenye maneno hayo ulibandikwa juu ya sinki katika wodi ya wanaume ya hospitali moja ya Mwanza, na muuguzi Rebeka aliusoma kila aliponawa mikono. Hakuwa na ugomvi nao. Aliona tu kwamba ulimtaja mteja peke yake, kana kwamba muuguzi huzaliwa na gauni lake jeupe, hana kwao wala ukweni.

Rebeka alikuwa navyo vyote viwili. Aliolewa Sengerema, nyumbani kwa Mzee Maige, na tangu aolewe hakuwahi kula mbele ya baba mkwe wake wala kumpa mkono. Mzee alipokuja nyumbani kwao Buhongwa kumwona mwanawe Obedi, mume wa Rebeka, Rebeka alipiga goti kwa mbali. "Shikamoo, baba." Akaitikiwa marahaba. Chakula kilipelekwa na watoto, mzee akala kwenye kigoda chake barazani, mkwe akabaki jikoni. Mgeni angedhani wamegombana. Kumbe ndivyo walivyopendana.

Jumatano moja mzee aliletwa wodini na jirani yake Chenge. Walikuwa wamevuka kwa kivuko cha Kamanga, mkojo umemziba tangu jana yake, tumbo limejaa, jasho linamtiririka. Rebeka alipoona ni nani akarudi nyuma ya pazia la kitanda.

"Chenge," mzee akasema, macho darini, akimtaja mkwewe kwa jina la mtoto wake, "mwambie Mama Jonathan aite mwanaume."

Ombi lilikuwa halali. Waraka wenyewe ulimtetea. Ila Pius, muuguzi mwanaume wa zamu hiyo, alikuwa hotelini mjini pamoja na nusu ya wenzake, kwenye semina ya kutwa nzima kuhusu kuheshimu utamaduni wa mteja. Daktari alikuwa chumba cha upasuaji na mama aliyekuwa akijifungua. Rebeka akampigia simu matroni, naye alikuwa semina.

"Si umwekee mpira wa mkojo wewe mwenyewe?" matroni akanong'ona. Nyuma yake kipaza sauti kilikuwa kikinguruma.

"Matroni, ni baba mkwe wangu."

"Rebeka, kazini huna mkwe. Una mteja."

Akarudi paziani. "Chenge, mwambie baba hakuna mwanaume. Nipo mimi tu."

"Mwambie nitasubiri."

"Mwambie akisubiri, figo zitaharibika."

Chenge alikuwa kati yao, akigeuza shingo huku na huku kufikisha maneno ambayo kila mtu alikuwa ameshayasikia. Akachoka.

"Mzee, kibofu hakina mkwe! Unataka nirudi kijijini na maiti, nikiulizwa niseme umekufa kwa adabu?"

Mzee hakucheka. Maumivu yalimjia tena, akauma shuka. Yalipopungua akachukua kofia yake, akajifunika uso.

"Mwambie anisamehe," akasema kofiani.

"Mwambie na yeye anisamehe," Rebeka akajibu.

Akanawa mikono chini ya waraka, akafungua pazia. Mikono yake ilikuwa imeifanya kazi hiyo kwa wanaume wengi bila kusita. Siku hiyo ilibidi aiamrishe. Mpira ukaingia, mkojo ukatoka, mzee akashusha pumzi ndefu. Kofia haikuondoka usoni mpaka aliposikia viatu vya mkwewe vimefika mlangoni.

Jioni Pius alirudi na cheti na begi la semina. Yeye ndiye aliyemhudumia mzee mpaka akaruhusiwa.

Mzee Maige alipona. Kupitia kwa Obedi alimtumia Rebeka shukrani, pamoja na gunia la michembe, vile viazi vitamu vilivyokaushwa ambavyo alijua mkwewe anavipenda. Lakini Buhongwa hajakanyaga tena. Akiwa na shida na mwanawe huvuka, wakakutana palepale kivukoni, wakazungumza wamesimama, naye akarudi na kivuko hichohicho. Kigoda chake kiko barazani. Rebeka hukifuta vumbi kila asubuhi kabla ya kwenda kazini.

Mwisho wa mwaka hospitali iliripoti kwamba haikupokea lalamiko hata moja la mteja kuhusu utamaduni wake. Taarifa hiyo ni sahihi.