Mererid Hasimulii Mikono Ikiwa Bure

Siku hiyo Mererid alikuwa kiguu na njia. Alikwishawatazama kondoo mara mbili, akafagia ua huku mvua ikimwagika, na sasa alikuwa akihamisha sahani kutoka kabati moja hadi jingine bila sababu. Nesta, binti wa kaka yake, alikaa mezani akimtazama, kinasa sauti mbele yake, chai imepoa.

"Shangazi, keti basi. Sahani hazina miguu, hazitakimbia."

"Nakuja. Kula mkate kwanza. Huko chuoni wanakulisha nini, karatasi?"

Nesta alikuwa akisomea hadithi za kale za Wales, zile za enzi za mabwana wa ngome na mashujaa wao. Wengi waliozijua kwa mdomo walikwisha kwenda zao. Shangazi yake alibaki na moja ambayo hakuna aliyewahi kuiandika, ya bwana Cynfal na karamu ya chini ya ziwa. Siku Mererid akifa, hadithi nayo imekufa. Wote wawili walilijua hilo, wala hakuna aliyelitamka.

Jambo ambalo Nesta hakulijua lilihusu mikono. Katika bonde walikoishi, hadithi zilikuwa za majira ya baridi, majirani wanapokusanyika jikoni kwa mtu kufuma soksi, na aliyekaa mikono mitupu alichekwa. Mererid aliipokea hadithi hiyo kwa nyanya yake sindano zikigongana, na hakuwahi kuisimulia vinginevyo. Lakini tangu mumewe Emrys alipofariki, baridi yabisi ilikuwa imevikakamaza vidole vyake. Sindano hazishikiki, na bila sindano hadithi haiji. Alikwishajaribu zizini, mbele ya kondoo, akakwama mwanzoni tu. Aliona haya, na zaidi ya haya, aliogopa.

Sahani zilipomwishia, akaketi. "Palikuwa na bwana mmoja, Cynfal..." Akanyamaza. Akaanza tena, akanyamaza tena. Goti likamcheza chini ya meza. Akainuka kwenda kufunga dirisha lililokwishafungwa.

"Shangazi, unanipiga chenga."

"Nikupige chenga kwa lipi? Imepotea!" Akarudi, akaibwaga mikono yake juu ya meza, vifundo vimevimba. "Tazama. Hii ndiyo iliyokuwa ikisimulia. Mimi nilikuwa nafungua mdomo tu."

Nesta aliitazama mikono ile. Kisha akakivuta kikapu kilichokuwa kando ya jiko, akatoa sindano na soksi ya kijivu iliyoachwa bila kumalizwa, karibu na kisigino. Ilikuwa ya Emrys.

"Nifundishe."

"Wewe? Hata kifungo hujui kushona!"

"Ndiyo maana nasema nifundishe."

"Haya, maji umeyavulia nguo. Shika. Siyo hivyo, mtoto wewe, hunyongi kuku!"

Vitanzi viliponyoka, uzi ukajisokota, lakini hatimaye sindano zikaanza kugongana, kwa kuchechemea. Goti la Mererid likatulia.

"Palikuwa na bwana mmoja, Cynfal, aliyemwahidi mkewe kwamba atarudi kabla miti haijapukutika. Usivute uzi, unakaza! Akashuka chini ya ziwa, akakaribishwa karamuni, akala, akanywa. Kwa hesabu yake ilikuwa jioni moja. Alipopanda juu akakuta bibi kizee mlangoni kwake. Akamwuliza, 'Mke wangu, ulinisubiri?' Bibi akajibu, 'Nilikusubiri mpaka yule aliyekuwa akikusubiri akafa. Mimi ni mwingine. Ingia ule.'"

Akakoma hapo. Maneno hayo alikuwa ameyasema miaka na miaka, lakini kila mara yalimkuta anahesabu vitanzi vya kisigino, na kisigino hakitaki mzaha. Leo hakuwa na cha kuhesabu. Ilikuwa mara ya kwanza kuyasikia. Akaitazama soksi ya Emrys mikononi mwa Nesta, akalia kwa sauti, kilio ambacho hata siku ya mazishi hakukilia, maana siku hiyo alishinda akiwapikia waombolezaji.

Nesta akaziweka sindano chini, akanyoosha mkono kwenye kinasa sauti. "Nizime, Shangazi?"

"Ukizima nitakuchapa." Mererid alijifuta uso kwa kiwiko. "Okota sindano. Fuma, mwanangu. Mume wa watu bado kasimama mlangoni."