Chupa Thelathini za Makadara

Niliondoka kwa sababu moja tu: maji niliyoyahitaji hayakuwako kule nilikokuwa nikisoma. Mji ule wa Ulaya ulikuwa na maji safi katika kila chumba, ya moto na ya baridi, nami nilikuwa nikisomea udaktari juu ya maji machafu. Si udaktari wa sindano. Ni ule wa vitabu, lakini wa upande wa kazi: uhandisi wa maji. Ninyi wa nyumbani Maragoli mmeniandikia mkiuliza kama watoto wenu nao wajaribu. Nitawasimulia safari moja tu, ile ya kukusanya maji Nairobi, kisha mjiamulie.

Swali langu lilikuwa fupi. Maji yakitoka mferejini yakiwa mazuri, huchafukia wapi kabla ya kufika mdomoni? Nilipewa miezi sita ya kulijibu. Baada ya hapo posho ya masomo ingekoma, na msimamizi wangu, profesa mrefu asiyependa maneno mengi, aliniambia nisirudi mikono mitupu. Mimi ni mtu wa wasiwasi tangu utotoni. Ndani ya ndege nilihesabu chupa zangu mara nne, kana kwamba kuna mtu angeziiba huko mawinguni.

Jumapili asubuhi, uwanja wa ndege wa Embakasi. Senge Loice alikuwa akinisubiri na mumewe, karani wa reli. Senge ni shangazi, kwa wale waliosahau lugha yetu, naye ni dada wa baba yangu wa kufuatana. Alinikumbatia, akaomba palepale mbele ya maaskari wa forodha, kisha akanipeleka kwake Makadara, kwenye nyumba za baraza la jiji: vyumba viwili, watoto watano, mfereji mmoja nje kwa milango kumi na miwili. Nilichinjiwa kuku. Nililetewa maji katika bilauri yenye maua, imefunikwa kitambaa cha kufuma. Watoto walichota yao kwenye pipa la kona kwa kikombe cha bati. Niliyaona hayo siku ya kwanza kwa macho yangu mawili, nisiyafikirie hata kidogo.

Wiki ya kwanza Senge alinizungusha mlango kwa mlango hadi nikapata nyumba thelathini. Kila mahali alisema maneno yaleyale. "Huyu ni mtoto wa ndugu yangu. Ametoka ng'ambo kupima maji yetu. Atakuwa anakuja Jumanne." Na kila mahali kiti kilipanguswa nikae. Walianza kuniita daktari kabla hata sijaandika ukurasa mmoja. Niliwakataza, lakini moyoni nilipenda.

Kila Jumanne, saa kumi na mbili asubuhi, nilianzia mferejini. Nilijaza chupa moja hapo, kisha nikapita nyumba hadi nyumba nikisema, "Naomba maji mnayokunywa." Nilipewa, nikajaza, nikaandika namba, nikapanga chupa ndani ya kasha lenye barafu. Hapo ndipo moyo ulipoanza kwenda mbio, kwa maana yakikaa saa nyingi yanabadilika na kazi inakuwa bure. Basi likichelewa Jogoo Road, mimi nilitoka jasho. Kwenye maabara ya mjini niliyoazimwa niliyachuja, nikalaza vichujio kwenye visahani mahali penye joto, na Jumatano nikahesabu vidoa vilivyoota. Kidoa kimoja ni ukoo mzima wa vijidudu.

Mwezi wa pili ulikwisha na visahani vilikuwa vyeupe. Mferejini nilipata vidoa viwili vitatu, lakini majumbani hamna kitu. Yaani maji yaliyokaa nyumbani yalikuwa safi kuliko yaliyotoka kwenye bomba! Mtu mwenye akili timamu angesimama hapo. Mimi niliketi nikaandika kurasa kumi na moja za nadharia, nikieleza jinsi maji yanavyotulia na vijidudu vinavyokufa yakitulia. Nikazituma. Profesa akajibu kwa mstari mmoja: "Inavutia sana. Endelea." Niliusoma mstari huo mpaka karatasi ikalegea. Ningefurahi, lakini usingizi ulikuwa hauji. Wasiwasi ndiyo akili, husema wazee, ila yangu ilikuwa imekataa kuniambia kosa liko wapi.

Jumanne moja ya mwezi wa nne, soko la Kariokor. Nilikuwa nikitoka maabara alfajiri na chupa zilizochemshwa, ukanda wa kasha ukakatika. Kasha lilianguka, chupa sita zikavunjika, nyingine zikafunguka vifuniko. Siku ilikuwa imekwisha kabla haijaanza, kwani zote zilitaka kuchemshwa upya. Nilikaa kwenye benchi la fundi mmoja wa akala, vile viatu vya matairi makuukuu, mtu wa Murang'a mwenye miwani iliyofungwa uzi, machozi yakinilenga.

"Wacha kulia, mama," akasema. "Hii ni ngozi tu. Nakushonea sasa hivi."

"Huo mpya utadumu?"

"Hiyo siwezi kukudanganya. Mpaka ubebe ndio utajua." Akavuta uzi kwa meno. "Kuna mtu alikuja hapa akanishukuru. Anasema akala yangu amevaa miaka saba na haijaisha. Nikafurahi, nikaambia kila mtu. Halafu bibi yake akaniambia, huyo huvaa kwenda kanisa pekee. Siku ingine ni gumbuti."

Nilicheka kwa adabu, nikamlipa, nikaenda zangu. Ningekuwa na masikio, ningeokoa siku moja.

Jumatano asubuhi nilifika kwa Mama Atieno, mke wa mfanyakazi wa baraza, nyumba ya kwanza kwenye orodha yangu. Alikuwa akifua. Aliponiona alisimama na povu mikononi, amefadhaika kama mtu aliyefumaniwa.

"Woi, daktari! Si ulisema Jumanne? Tulingoja, hukukuja."

"Pole, Mama Atieno. Chupa zilivunjika. Nipe tu maji nijaze niende."

"Sasa sina. Maji yako tulikunywa jana jioni."

"Maji yangu?"

"Eeh, ile nakuchemshia. Keti kidogo, niwashe stovu."

Nilitazama nyuma yake. Pipa lilikuwa pale pale kwenye kona, limejaa, kikombe kikielea juu yake.

"Na hayo?"

"Hiyo ni yetu." Akacheka kidogo. "Wewe ni mgeni, hata kama umezaliwa kwetu. Mgeni anakuja kwangu akiomba maji, nimpe ya pipa? Ningekuwa mtu wa aina gani?"

Nilifunika chupa tupu. Nikaenda nyumba ya pili, ya tatu, ya kumi. Kila mahali nilikutana na uso uleule wa aibu, aibu ya mwenyeji aliyekutwa hana kitu. Mmoja alikuwa ananiwekea chupa maalumu. Mwingine alikuwa akiazima maji yaliyochemshwa kwa jirani. Mafuta ya taa hayatoshi kuchemshia familia nzima kila siku, lakini kwa mgeni wa Jumanne yalipatikana. Miezi mitatu na nusu nilikuwa nimepima heshima. Na heshima ya Makadara, nawahakikishia, haina kijidudu hata kimoja.

Jioni nilimwuliza Senge. Alikasirika.

"Ulitaka nikupe ya pipa? Ndugu yangu akisikia, atasemaje? Amenipa mtoto, mimi namrudishia ugonjwa?"

Siku mbili zilizofuata zilikuwa mbaya kuliko zote. Maji yalikuwa yamenifika shingoni. Nilikuwa nimebakiwa na majuma kumi. Vitabu vyangu vilikuwa vimejaa tarakimu nzuri, profesa alikuwa amezisifu, na hapana mtu duniani aliyejua ila mimi na wanawake thelathini ambao hawakuona kosa lolote. Ningenyamaza, ningerudi, ningevaa joho. Niliwaza hivyo, sitawaficha. Lakini kila nilipofikiria kumwambia mtu kwamba maji ya Makadara ni safi, niliona lile pipa na kile kikombe kinaelea.

Ijumaa niliandika barua kwa profesa nikamweleza yote. Nilipoitumbukiza kwenye sanduku la posta nilitamani mkono wangu uwe mwembamba niitoe. Kisha nikarudi kwa Senge nikamwambia, "Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Mimi nina miezi minne hapa na jembe sijapewa. Nipe ndoo."

Alinitazama sana. Akanipa ndoo.

Kesho yake nilipanga foleni mferejini na kina mama. Walinicheka nilivyobeba, nusu ikaniingia viatuni. Niliosha vyombo, nilimenya viazi, nilikunywa chai na nikakataa bilauri yenye maua. Haikuwa rahisi. Wiki ya kwanza bado walinichemshia kwa siri, ya pili pia. Nilihesabu siku zilizobaki kwa hofu, nikiona chupa zinajaa maji yaleyale ya mgeni. Wiki ya tatu Mama Atieno aliniona mlangoni, hakunyanyuka hata kidogo, akanielekeza kwa kidevu kwenye kona. "Maji si hiyo hapo. Jichotee."

Hakuna neno la heshima lililowahi kunifurahisha kama hilo.

Jumatano ya wiki hiyo, maabarani, baada ya kujichotea pipani kila nyumba. Nilifungua visahani, navyo vilikuwa vimejaa vidoa kama mtama uliomwagika. Nyumba ishirini na nne kati ya thelathini. Nilipiga makofi peke yangu. Nilifurahi, naona aibu kuandika hivyo, lakini nilifurahi, kwa sababu swali langu lilikuwa limejibiwa. Maji yalikuwa yakichafukia kwenye pipa, kwa kikombe na mikono yetu. Kisha nikasoma namba zilizoandikwa ubavuni, nikaona namba tisa. Namba tisa ndicho kisahani kilichojaa kupita vyote. Namba tisa ilikuwa nyumba ya Senge.

Sikumbuki nilivyofika Makadara. Senge alikuwa anachambua sukuma wiki, na kitinda mimba wake amelala mgongoni mwake, yule aliyekuwa akiharisha kila baada ya majuma mawili tukasema ni meno. Nilimwambia. Aliendelea kuchambua mpaka majani yakaisha.

"Kwa hivyo hii miezi yote," akasema mwishowe, "wewe ulikuwa unakunywa mzuri. Na watoto wangu wanakunywa hiyo."

"Ndiyo, Senge."

"Na mimi ndio nilikuwa nakupa."

Nilimfungua mtoto mgongoni mwake, nikampakata. 

Jibu la profesa lilifika wiki tatu kabla sijaondoka.  Aliandika: "Usitupe tarakimu za kwanza. Ziandike pamoja na za sasa, na ueleze ulivyokosea." Nilirudi Ulaya na majuma saba tu ya maji ya kweli. Kwenye mtihani, wazee watatu walionitahini waliacha tarakimu zote za pipa wakaniuliza juu ya maji ya mgeni kwa saa nzima. Waliniamuru niandike upya sura mbili. Nikaziandika, na joho nikalivaa kwa kuchelewa karibu mwaka mmoja.

Basi, mtoto wenu ajaribu? Ajaribu. Lakini ajue kwamba udaktari wa kazi si wa chumbani. Utakwenda kuwapima watu, na wao watakupima wewe kwanza, wakupe kile wanachoona unastahili. Matokeo yakikupenda mno, yaogope. Na siku utakayopata jibu, huenda likawa na jina la mtu wako ubavuni.

Nilipita Makadara kabla ya kuwaandikia haya, nikiwa na kitabu changu kilichojalidiwa. Senge alikipapasa jalada, akakiweka juu ya kabati karibu na Biblia. Nilikuwa na kiu. Pipa lilikuwa kwenye kona palepale, nikachukua kikombe cha bati nikainama nijichotee.

"Wacha hiyo. Hiyo ni ya kufua." Akavuta kitambaa kilekile cha kufuma, ambacho sasa kilifunika sufuria kubwa kuliko zote za nyumba ile. "Kunywa hii, nimechemsha."

"Senge, mimi si mgeni tena."

"Najua," akasema, akajaza bilauri yenye maua, akampa kitinda mimba kwanza, kisha akanijazia mimi. "Siku hizi hapa kwangu sisi wote ni wageni."