Siku Niliyotangazwa Kufa

Mimi nilikufa nikiwa na miaka kumi hivi, mchana, nikimenya muhogo. Usinicheke. Habari ya kifo changu niliisikia kwa masikio yangu mwenyewe, na mama aliyekuwa kando yangu aliisikia vilevile, kisu kikamtoka mkononi.

Nirudi nyuma kidogo, maana nyinyi watoto wa leo mukisikia ngoma munafikiri ni kucheza tu. Kijiji chetu kilikuwa mlimani, ndani ya pori la Walikale, mwendo wa nusu siku kutoka barabarani. Kule tulikuwa na ngoma ya mti, gogo zima lililochimbwa ndani, lenye sauti mbili, ya juu na ya chini. Kwa sauti hizo mbili ilisema kila kitu: nani amezaa, nani anaumwa, nyama imeangukia wapi. Kila mtu mzima alikuwa na jina lake la ngoma, na mtoto aliitwa kwa jina la baba yake. Ukiitwa, unajibu. Ukiitwa siku nyingi usijibu, watu wanakulilia, kwisha.

Miaka ile serikali ya Wazungu ilitaka watu wote wakae kando ya barabara, waonekane, waitengeneze. Sisi tulikataa. Asubuhi moja polisi wakaja, wakatutoa wote, wakachoma nyumba ili tusiwe na pa kurudia, wakatupeleka karibu na Kashebere. Baba mukubwa, kaka ya baba yangu, hakuwapo. Alikuwa amekwenda kutazama mitego yake. Aliporudi alikuta majivu, hakuna mtu hata mmoja, na ngoma peke yake, maana ilikuwa nzito, polisi waliiacha.

Siku ya nne, mvua ilipokatika alasiri, tukasikia jina la baba likitoka mlimani. Halafu kimya, kiasi cha mtu kujibu. Halafu jina la mama. Kimya. Halafu sisi watoto. Wauza maziwa waliokuwa wanashuka kutoka Masisi na vibuyu vyao wakamuuliza baba: "Papa, kule juu kuko kijiji?" Baba akajibu: "Hakuna." Na alisema kweli.

Kapita, msimamizi wa kazi ya barabara, alikuwa ametuonya. Anayejibu ngoma atachapwa fimbo, na polisi watapanda kumkamata anayepiga. Baba alijua kifua cha kaka yake kilikuwa kibovu, gereza lingemuua. Kwa hiyo alinyamaza. Munafikiri ni rahisi? Kila siku mvua ikikatika, mtu anayekupenda anakuita jina, anakungoja, na wewe umefunga mdomo kama mwizi kichakani! Nilimchukia baba kwa hilo, nasema wazi.

"Papa, tumujibu."

"Nyamaza wewe."

Mama alianza kutushika mikono kila tulipoitwa, kama anayepima homa. Mimi nikaanza kujigusa mashavu. Mtu akikuita kila siku na usijibu, mwili unaanza kuwa na mashaka.

Kisha siku ile, mapigo yakabadilika. Yalikuwa ya kilio, kila mtu barabarani aliyajua. Jina la baba, na pigo la marehemu. Jina la mama, na pigo la marehemu. Halafu sisi. Nilitazama muhogo mkononi mwangu, mweupe, nusu umemenywa.

"Mama, niko hapa?"

Mama hakunijibu. Aliogopa kujibu, nilimwona.

Baba alisimama. Alichukua mtumbwi wa kukamulia pombe ya ndizi, akaupindua uwanjani mchana kweupe, akatafuta ubavu wenye sauti ya juu na ubavu wenye sauti ya chini, akapiga jina lake. Tuko, alipiga. Tuko wote. Sauti ilikuwa mbaya, ya mtu anayesema ndani ya blanketi. Kule mlimani ngoma ikakatika katikati ya neno. Haikulia tena, siku ile wala siku yoyote.

Baba alichapwa mbele ya watu wote. Alipoinuka alikuwa anacheka, mgongo unatoka damu. "Amesikia," alisema. "Sasa anajua." Polisi walipanda, hawakumkuta mtu. Walikuta ngoma imepasuliwa kwa shoka. Sisi tukangoja baba mukubwa ashuke kwa siri. Tulingoja mwaka, tukangoja mwingine. Kila mtu aliyetokea upande wa pori, baba alisimama kumtazama vizuri. Hakushuka.

Miaka nane ikapita. Nilikuwa nimeolewa, na mimba yangu ya kwanza ilikuwa kubwa. Asubuhi moja ya ukungu niliingia mbali porini kutafuta majani ya kufungia chikwange, mikate yetu ya muhogo. Kwenye kijito kulikuwa na mzee anakunywa maji kwa kiganja. Kidole chake kimoja kilikosekana, kile kilichokatwa na mtego nikiwa mdogo.

"Baba mukubwa!"

Hakukimbia. Alikaa chini polepole, kama mtu aliyechoka kujificha.

"Mumenipata," alisema. "Ile siku mulijibu, nilijua mutanifuata. Njo maana nilipasua ngoma. Wafu wakijibu, njo wanakuita uende kwao."

Hasira zikanipanda. Mimi hasira zangu ziko karibu, hata mume wangu anajua. "Wafu gani? Iko papa alijibu! Alipiga mutumbwi ya pombe! Walimuchapa sababu yako!"

Alitikisa kichwa kwa huruma. Alinihurumia mimi! "Ile sauti haikukuwa ya huku, mama. Usikasirike. Kaburi yako ninapalilia. Yako na ya baba yako, zote ziko safi."

Kule juu, kwenye majivu yetu, kulikuwa na kaburi langu, na mtu alikuwa ananing'olea majani. Nilimshika mkono kwa nguvu, nikauweka juu ya tumbo langu. Mtoto akapiga teke, teke la kweli. Mzee aliutoa mkono upesi. Alitazama tumbo, akanitazama usoni.

"Hata kule munazaa?"

Nilifungua mdomo nimpigie makelele. Lakini uso wake ulikuwa umefunguka. Miaka yote ile alijihesabu kuwa wa mwisho, akifa tumekwisha, na sasa alikuwa anacheka na machozi yanamtoka.

"Njo vile, baba mukubwa," nikasema. "Tunazaa."

"Muko wengi?"

Nikamwambia tuko wengi.