Herufi Iliyoingia Bila Hodi

Saa mbili kasoro robo asubuhi, mwanamke wa miaka arobaini na tisa ananawa mikono kwa maji ya uvuguvugu, anakausha kidole kimoja kimoja, kisha anakaa mezani. Mafuta ya mikono hapaki mpaka jioni. Chai haisogelei meza hii. Kidole chake cha shahada, cha mkono wa kushoto, ndicho kitendea kazi chake, na leo Ijumaa kina kurasa kumi na nane za kupita kabla ya saa sita mchana.

Anasoma kwa sauti. Mbele yake mchapaji, baba wa watoto watatu mwenye miwani minene, anafuatilia kwa macho katika kitabu cha wino.

"Jumlisha. Kigiriki, kubwa, L," anasoma.

"Ipo," anajibu mchapaji. "Mungu mkubwa."

"Usishukuru bado, baba. Hiyo ni moja. Zimebaki ishirini na sita."

Hii ni karakana ya vitabu vya nukta nundu, yale maandishi ya vidoti vilivyoinuka ambayo wasioona husoma kwa vidole. Kazi yake ni kusahihisha. Ameifanya kwa miaka ishirini na miwili, na wenzake wanamwita Forodha, kwa sababu hakuna kinachopita pale bila kupekuliwa. Macho yake yaliondoka na surua akiwa na miaka miwili. "Hata sikuyaaga," anasema, na kucheka.

Kitabu kilichoko mezani ni cha fizikia ya sekondari. Sura kumi na tatu zimeshapita. Iliyozua kizaazaa ni ya kumi na nne, ya mwisho, inayohusu ulimwengu mzima na herufi moja tu.

Yalianza Jumatatu. Forodha alikuwa akisoma mlinganyo mrefu unaoeleza jinsi ulimwengu unavyotanuka. Kitabu kilisema wazi kwamba ndani yake mna herufi ya Kigiriki. Kidole chake kikakuta A ya kawaida, nukta moja peke yake.

"Nikamwambia, simama hapo! Nani huyu kaingia bila hodi?" anasimulia. Katika nukta nundu, herufi ya Kigiriki hutanguliwa na alama yake maalumu, kama mgeni anayebisha mlangoni. Huyu hakubisha. Tena A ilikuwa imeshatumika tangu sura ya pili kumaanisha eneo. "Sasa ulimwengu unajumlishwa na eneo la nini? La shamba?"

Mchapaji anakiri kosa huku akijikuna kichwa. Kwenye kitabu cha wino aliona alama hii: Λ, L kubwa ya Kigiriki. "Nikadhani ni A, wino umekatika pale katikati," anasema. "Nikajiambia, hawa wachapishaji wazembe, ngoja niwasaidie. Nikawasaidia mara ishirini na saba."

Forodha hakuelewa. Hajawahi kuona A ya wino, wala hiyo nyingine. "Zinafananaje mpaka uzichanganye?" aliuliza. Mchapaji akatoa njiti mbili za kiberiti, akaziegemeza kichwa kwa kichwa juu ya meza, akamshika mkono na kumpeleka taratibu.

"Hema!" Forodha alipiga kelele mpaka chumba cha pili wakasikia. "Kumbe ni hema! Na A ni hema lililofungwa mkanda!" Njiti zikaanguka, akataka zisimamishwe tena. Zilisimamishwa mara tano asubuhi ile.

Mwandishi wa makala haya, ambaye fizikia ilimshinda akiwa kidato cha pili, aliomba aelezwe hema hilo lina kazi gani. Forodha alieleza kwa subira, mikono ikitembea hewani.

Zaidi ya miaka mia moja iliyopita, mwanafizikia mmoja mashuhuri aliona kwamba kwa hesabu zake mwenyewe ulimwengu hauwezi kutulia. Yeye alitaka utulie. Akaongeza herufi hiyo, kiwango kisichobadilika, ili kuushikilia. Baadaye ikagunduliwa kwamba galaksi zinaachana, ulimwengu unatanuka, basi akaifuta. Ikakaa pembeni miaka mingi. Karibu na mwisho wa karne iliyopita, watu waliopima nyota zinazolipuka wakakuta jambo ambalo wengi hawakulitarajia: kutanuka kwenyewe kunaongeza kasi. Herufi ikarudishwa.

"Hilo halikunishangaza," anasema Forodha. Anachukua kipande cha karatasi nene na kukandamiza nukta moja kwa ukucha, kama wafanyavyo hapa wanapofuta kosa, kisha anamwomba mwandishi apapase. Nukta imelala, lakini kidole bado kinaijua. "Umeona? Ukishaiweka, hailali kabisa."

Kinachomtoa jasho ni kingine. Wengi wanasema herufi hiyo ni nguvu ya mahali patupu, pasipo na nyota wala vumbi. Lakini wananadharia wakikadiria nguvu hiyo, hesabu yao inaweza kuzidi kile kilichopimwa kwa mara zinazoandikwa hivi: moja, ikifuatwa na sifuri mia na ishirini. Kitabu kimeifupisha kwa tarakimu ndogo juu ya kumi. Forodha alikataa kufupishiwa.

"Nilimwambia mchapaji, nipigie zote."

Zilipigwa. Mstari wa nukta nundu hapa unachukua herufi arobaini. Baada ya alama ya namba na ile moja, sifuri zilijaza mistari mitatu, na mbili zikavuka kwenda wa nne. Forodha anapitisha kidole juu yake tena leo, polepole.

"Kila nikisogea sifuri moja, kosa ni kubwa mara kumi kuliko pale nilipotoka," anasema kwa sauti ya chini. "Sijamaliza hata mstari wa kwanza, mwili umenisisimka. Wasomi wa dunia nzima wamekosea hivi, na wanalisema kosa lao hadharani. Mimi nikikosea nukta moja naona aibu siku mbili."

Na mahali patupu kuwa na nguvu? Hilo anaona la kawaida. Katika kazi yake nafasi tupu kati ya maneno nayo inahesabiwa, ina upana wake. Ukiiondoa, maneno yanagongana. Kitabu kinaiita nguvu hiyo nishati ya giza. "Giza? Hapo mimi ni mwenyeji," anasema. "Wao ndio wageni, waje niwaonyeshe njia."

Lakini Jumatatu jioni hakukuwa na kicheko. Mkuu wa karakana, mtu mpole anayetembea na kalenda mfukoni, aliamua sura hiyo iondolewe. Mashine ingeanza kuchapa nakala mia tatu Ijumaa saa sita. Sura hiyo peke yake ilikuwa inakula karibu karatasi elfu tatu. Haiulizwi kwenye mtihani. Na sasa ina makosa ishirini na saba.

"Dada, mimi sina ugomvi na nyota," alimwambia. "Nina ugomvi na tarehe. Isitoshe wenyewe hawajaelewana. Juzijuzi wengine wamepima wakasema huenda hicho kisichobadilika kinabadilika. Tutaandika tu: sura imeachwa."

Maneno hayo mawili Forodha anayajua vizuri. Akiwa mwanafunzi yalikuwa yamejaa vitabuni mwake. Mchoro umeachwa. Ramani imeachwa. Katika kitabu cha sayansi cha darasa la sita, ukurasa wa mwisho ulikuwa na mstari mmoja tu: Sura ya nyota imeachwa.

Alirudi nyumbani likizo, akamuuliza mama yake nyota zikoje. Mama akachukua sinia, akamwaga chumvi ya mawe. "Nikapitisha mkono kwa pupa, nikazitawanya zote. Mama akacheka, akasema, wewe mtoto, umeharibu mbingu ya watu." Forodha anatabasamu. "Marehemu mama hakusoma. Lakini yeye hakuniachia ukurasa mtupu."

Kwa hiyo Jumatatu ile alisimama mlangoni mwa mkuu, akagoma kuondoka.

"Nilimwambia, mkuu, wenye macho wameandikiwa kwamba wakubwa hawajui. Wanafunzi wetu kwa nini wasiambiwe kwamba wakubwa hawajui? Hata kutojua nako tunyimwe?"

Mkuu anakiri. "Alinipatia pabaya," anasema. "Nikampa mpaka Ijumaa saa sita. Likibaki kosa moja, sura inatoka." Mchapaji alirudia kurasa zote kumi na nane. Hakumlalamikia mtu.

Saa tano na dakika hamsini. Forodha yuko kwenye ukurasa wa mwisho. Mkuu amesimama mlangoni, kalenda mkononi. Kidole kinasimama, kinarudi nyuma, kinasimama tena. Mchapaji anavua miwani.

"Kigiriki. Kubwa. L," anasoma Forodha. "Ya ishirini na saba. Nukta, mwisho wa sura."

Mchapaji anafunika uso kwa viganja vyote viwili. Mkuu anachukua kurasa mwenyewe, kwa mikono miwili, na kuelekea chumba cha mashine. Baada ya muda mngurumo unaanza, na meza inatetemeka kidogo chini ya vidole vya Forodha. Karibu na mlinganyo wa kwanza, wanafunzi mia tatu watakuta mistari miwili iliyoinuka, imeegemeana kichwa kwa kichwa, ili nao walipapase hema.

Je, ana maoni gani, kiwango hicho kinabadilika au hakibadiliki?

"Mimi ni Forodha, sipangi mzigo, nakagua tu," anajibu. Kisha anauinua uso kana kwamba anasikiliza dari. "Lakini nataka nijue. Wallahi nataka sana. Nimebakiza miaka kumi na moja kustaafu, basi wafanye haraka. Wakishajua kitaandikwa kitabu kingine, na kitaletwa hapa hapa mezani."

Anasukuma kiti, anasimama, anapapasa taulo lake msumarini.

"Watanikuta nimeshanawa mikono."