Mshipi Kwa Lori ya Jirani

Mtu akiniambia kazi ya tanboi, yule msaidizi wa dereva wa lori, ni ya watu waliokosa kazi, nakasirika hapo hapo. Panda wewe juu ya lori imejaa magunia ya mahindi, upepo wa Malaba unakunyang'anya turubai, halafu ushuke tuongee. Mimi hakuna mtu alinifunza. Niliangalia wakubwa wakirusha kamba, nikajaribu, nikajua.

Mwenzangu kwa hiyo lori ni Mteso wa Chakol. Ukimgusa umenigusa. Hiyo wiki alikuwa na furaha mpaka anaudhi, kwa sababu Jumamosi tulikuwa tunapeleka ng'ombe za mahari Adungosi kwa kina msichana wake. Anaimba akila, anaimba akikaza kamba.

Boss alikuwa ametuletea mishipi ya usalama. Unavaa kifuani na mapajani, ina kamba na ndoano, ukiteleza inakushika. Bila mshipi hupandi. Poa. Lakini juu ya magunia utanasa ndoano wapi? Kwa mahindi? Sisi wa Malaba tukajipangia. Malori yanalala kwa laini za kuvuka mpaka, bega kwa bega, basi unanasa kwa jirani aliyebeba kontena, ile tundu ya chuma iko kona ya juu. Kila mtu alifanya hivyo, na tulijiona wajanja sana.

Siku hiyo mwenzangu yuko juu, amenasa kwa kontena ya mzee mmoja dereva, mzee amelala kwa usukani. Mimi niko chini navuta kamba ya turubai. Mbele huko mtu akapiga honi. Mzee akaamka, akawasha gari, laini yake ikasonga, yetu imesimama.

Nikaona kamba ya mshipi ikinyooka.

"Mzee, simama!"

Redio imejaa kwa kabini, hasikii. Juu, bwana harusi anakimbia kwa magunia akifuata kontena, anapiga kelele, "Mzee, mimi si mzigo yako!" Na magunia yanaisha.

Niliruka kwa ngazi ya kabini nikapiga mlango na ngumi zote mbili.

"Wewe kijana, unataka kuniibia?"

"Mwizi ni wewe! Umebeba mtu yangu!"

"Mtu gani?"

"Angalia juu!"

Akakanyaga breki. Mwenzangu alikuwa amelalia tumbo kwa gunia ya mwisho, mguu mmoja unaning'inia, mikono imeshika kamba ya turubai kama ng'ombe itatoroka.

"Bwana harusi, uko sawa?"

"Suruali imepasuka. Usiambie shemeji yako."

Tulicheka mpaka mzee akashuka akatukuta tumeshika mbavu. Halafu mvua ikaanza kutisha kutoka upande wa Uganda, na turubai iko nusu. Mwenzangu ameshuka, lakini anataka kupanda tena amalize.

"Huendi," nikamwambia.

"Mahindi italowa."

"Wacha ilowe! Mahindi haina mchumba Adungosi."

Mzee akatuangalia, akarudi kwa kabini, akazima gari, akachomoa ufunguo, akampa mwenzangu. "Shika, kijana. Weka kwa mfuko yako. Bila hiyo hii gari haiendi popote."

Jamaa akapanda na ufunguo mfukoni, ndoano pale pale, na wimbo ukaanza tena. Laini ikasonga mbele yetu, nyuma wakapiga honi na matusi. Mimi tayari nimekunja mikono ya shati niende nikajibu moja moja. Mzee akanishika bega, akawapigia kelele yeye mwenyewe: "Mnanipigia honi ya nini? Dereva wenu leo yuko juu huko!"

Sasa kwa laini yetu ni hivyo: mtu hanasi ndoano kwa jirani kabla ufunguo ya jirani haijaingia mfukoni mwake. Dereva akikataa kutoa, naitwa mimi.

Na Jumamosi mwenzangu alitembea mbele ya ng'ombe na miguu yake yote mbili, suruali mpya, na mimi nyuma nikigombana na kila mtu aliyesema hizo ng'ombe zimekonda.