Glavu za Fomu Namba Saba

Miaka kumi na tisa nimetunza stoo ya kemikali ya chuo, na watu huniita Bwana Fomu. Nilikuwa nikijivunia jina hilo. Kwangu hakikutoka hata kizibo bila sahihi ya mkuu wa idara.

Asubuhi moja dumu la asidi lilipasuka, asidi ikaanza kutambaa kuelekea mlangoni, wanakopita wanafunzi. Msafishaji wetu alikuwa shemeji yangu, mke wa kaka. Kazi ile nilimtafutia mwenyewe. Akaja mbio na ndoo ya mchanga, mikono mitupu.

"Shemeji, nipe glavu."

Glavu zilikuwa kabatini nyuma yangu, ufunguo kiunoni. Nikamwambia ajaze kwanza Fomu Namba Saba.

"Fomu ya nini, na asidi hiyo inafika mlangoni?"

"Utaratibu ni utaratibu. Mkuu yuko kikaoni, akitoka atasaini."

Sikio la kufa halisikii dawa. Kikao chenyewe kilihusu usalama kazini. Nikisimulia watu hucheka, mimi siwezi.

Shemeji hakungoja. Alijifunga mifuko ya nailoni mikononi, akainama kumwaga mchanga, nami nikasimama pembeni nikiandika saa ya tukio. Mifuko ikatoboka. Alipopiga ukelele ndipo nilipotupa kalamu, nikamvuta hadi bombani. Maji hayakuhitaji fomu, lakini nilikuwa nimechelewa.

Fomu, niliyomjazia mwenyewe, ilirudi siku ya tatu ikiwa na sahihi ya mkuu. Ilibaki ya mpokeaji, na bila hiyo faili halifungwi. Mtu mwenye haya angeichana. Naona aibu kusema: mimi nilichukua glavu mpya na kalamu, nikaenda wodini.

Shemeji alikuwa amefungwa bendeji hadi viwikoni. Kaka alikuwa akimnywesha maji kwa kijiko. Shemeji akaziona glavu, akaiona na fomu. Afadhali angenitukana.

"Baba watoto," alimwambia kaka taratibu, "nisainie hiyo karatasi. Shemeji asije akapata matatizo kazini."

Kaka akaweka kijiko chini, akasaini bila kuniangalia. Nikaipokea fomu, nikaipitia mstari kwa mstari kama nilivyozoea. Alikuwa amesahau tarehe.

Nikamrudishia aiandike.