Siku Kumi na Sita za Ndege wa Shabunda

Makuyu yakiiva mpaka kuoza hunuka uchachu wenye utamu, karibu na kasiksi, ile pombe yetu ya ndizi, ikisahauliwa jikoni siku mbili. Mwezi uliopita nilikuwa ninateremka kutoka sokoni Kadutu nikakanyaga moja, nikateleza. Nikasimama kufuta kiatu, na kabla sijamaliza nilikuwa nimerudi kwenye umri wa miaka tisa. Kwa kuwa hakuna mtu wa nyumbani niliyewahi kumweleza habari hii, acheni niwaeleze nyinyi.

Ilikuwa enzi ya Zaïre. Watu wazima waliitana Citoyen na Citoyenne, yaani raia, na mwanamume kuvaa tai lilikuwa kosa. Baba alifundisha biolojia katika shule moja ya sekondari hapa Bukavu, na juu ya hayo alikuwa kiongozi wa avenyu yetu, kazi isiyo na faida yoyote ila kuamkiwa kwa sauti kubwa. Alikuwa amechoka na chaki. Alikuwa amesikia kwamba kituo kimoja cha utafiti kinatafuta msaidizi wa kuchunguza ndege, na nafasi hiyo aliiwazia akila, akioga na akisahihisha madaftari.

Ndipo Jumapili moja Tonton Mulonda, mdogo wake maman, akatoka Shabunda, kule msituni, juu ya kamyo, lori la mawese. Mkononi alikuwa na kitundu cha matete, na ndani yake kasuku mdogo ajabu, kiasi cha ngumi yangu. Alikuwa wa kijani, mdomo mweusi, mgongo wa buluu kuelekea mkiani, na nyuma ya shingo alikuwa na mstari mweusi. Maman alimzunguka akimtazama, akasema, "Huyu anaogopa serikali. Tai yake ameipeleka nyuma." Tulicheka mpaka ndege akajikunyata.

Baba hakucheka. Alifungua kitabu chake cha ndege, akakifunga, akakifungua tena. Ndege huyo hakuwa na picha mle, alikuwa na mistari miwili tu ya maneno iliyosema kwamba anaishi juu sana mwituni na kwamba hajulikani vizuri. Jioni ileile baba aliandika barua kwa kile kituo.

Tonton alimwonya shemeji yake. "Bofrere, huyu anakulaka mbegu za ndani ya kuyu, basi. Ukimupa kitu ingine atakufa."

"Ndege ya mudomo ya vile inakulaka mbegu za kila namna," baba alijibu kwa upole wa mwalimu. "Iko mu kitabu. Tutamupa mutama."

Tonton hakubishana. Kwetu mgeni habishani na mwenye nyumba, hasa mwenye nyumba aliyeoa dada yake. Lakini Jumanne asubuhi, kabla ya kupanda kamyo la kurudi, aliniinamia akaninong'oneza, "Mutoto, kuna mukuyu pale ku kona. Umusaidie."

Kazi ya kumlisha ndege nilikuwa nimepewa mimi. Kwa siku mbili alikuwa ameutazama mtama wa baba kama mtu anavyotazama barua ya lugha asiyoijua. Siku ile nilipotoka shule nilijaza makuyu mfukoni, nikapasua moja kwa kucha, nikaliingiza kati ya matete. Alilirukia. Alitafuna zile mbegu ndogo kuliko mchanga, akaacha nyama ya tunda ikaning'inia, na kwa mara ya kwanza tukasikia sauti yake.

Mtama niliwamwagia kuku wa jirani. Sikuwa na nia mbaya. Niliona tu kwamba sahani ikiwa tupu baba anafurahi, ndege akishiba ndege anafurahi, na kuku nao hawalalamiki. Kila jioni baba aliitazama sahani, akaandika katika daftari, kisha akatoka kibarazani kuwahutubia majirani: watu wa msitu wana imani zao, lakini sayansi ni sayansi. Wiki ikaisha. Jibu la kituo likaja, kwamba mtafiti atafika Jumanne inayofuata. Baba alilisoma mara tatu, mara ya mwisho amesimama.

Jumamosi ilikuwa salongo, kazi ya lazima ya asubuhi, kila nyumba na panga lake au fagio lake. Baba alitangaza kwamba safari hii avenyu lazima ing'ae, kuna mgeni. Kisha akauelekea mkuyu.

Mzee mmoja wa jirani aliuliza, "Citoyen, huu muti umekosa nini?"

"Unachafua barabara, muzee. Mugeni atoke mbali aje kuteleza ku mavi ya popo?"

Nilikuwa hatua nne kutoka kwake, na kikapu cha takataka kichwani. Maneno niliyapata yote, yamekaa tayari mdomoni. Lakini maman alikuwa ametulea kwa sheria moja: baba hasahihishwi mbele ya watu. Na watu walikuwepo, walewale waliohubiriwa mtama. Nikaona jinsi watakavyocheka. Nikaenda kumwaga takataka. Panga likapiga, wengine wakasaidia, na kufika saa tano wanawake walikuwa wamebeba kuni na mbuzi wamemaliza matunda. Niliokota konzi moja. Kesho yake yalikuwa yamechacha, na ndege akayaangusha moja baada ya jingine. Nilizunguka mitaa ya jirani nikitafuta mkuyu mwingine, nikapata mmoja usio na tunda hata moja.

Jumatatu asubuhi tulimkuta sakafuni mwa kitundu, miguu juu. Nililia sana, na baba akanishika bega akasema ni baridi ya Bukavu, si kosa la mtu.

Mtafiti alikuja hata hivyo. Alikuwa mtu mpole, aliyekunywa chai yake polepole. Alimpima ndege, akamfunga kwenye karatasi, akafungua kalamu.

"Citoyen, aliishi siku ngapi?"

"Kumi na sita."

Mgeni akainua kichwa haraka. "Kumi na sita? Kwetu hawapitishi siku tatu. Mulikuwa munamupa nini?"

"Mutama."

"Mutama tulijaribu. Hakuugusa."

"Wa kwangu aliumaliza kila siku. Mutoto huyu iko shahidi." Baba alinivuta mbele. "Eleza Citoyen."

Wote wawili walinitazama. "Ndiyo, papa," nikasema. "Alikuwa anakula mutama."

Mgeni alifunga kalamu yake. Mimi nilidhani amemaliza maswali. Baba naye alidhani hivyo, maana alimsindikiza mpaka barabarani akiwa amejaa furaha, na kwa miezi miwili aliulizia barua posta kila Ijumaa. Haikuja. Alirudi kwenye chaki yake, na chaki ndiyo aliyostaafu nayo.

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu haikufika popote, hakuna aliyenikamata. Nilikuwa mama wa watoto watatu niliposikia redioni mtu akieleza kwamba kasuku huyo mdogo hafugiki, kwa sababu bila makuyu ya porini hufa baada ya siku chache. Nikazima redio, nikakaa. Kituo kile kilikuwa kinatafuta mtu wa kukiambia jambo hilohilo, na siku kumi na sita zilikuwa ushahidi wake. Kama ningemwambia baba ukweli, naye akamwambia mgeni siku ile, angeipata kazi. Nilidhani ninamkinga na aibu, nikamnyang'anya kitu pekee alichokitaka. Wakati huo alikuwa amekwisha kufa. Yule mgeni aliondoka kwetu akiamini amekunywa chai na mwongo, na hakukosea: alikosea tu ni yupi kati yetu wawili.